Rekodi Hapo Hapo Dukani

Wauzaji wenzangu wa mtandaoni, mnakodi studio kwa video ya gauni moja? Hebu mcheki Agnès Varda, mtengeneza filamu wa Ufaransa. Miaka ya 1970 alikuwa na mtoto mdogo, akavuta waya wa umeme kutoka nyumbani kwake na kurekodi mpaka ulipoishia. Filamu inaitwa Daguerréotypes: maduka ya mtaani kwake, Rue Daguerre, Paris. Muuza mikate, mwenye bucha, fundi cherehani, msusi. Hakuna kelele za ofa. Unamwangalia mtu akikata nyama, unamwamini.

Mteja wetu hofu yake ni kutapeliwa. Mwonyeshe unavyofunga mzigo, hata kama ukuta umebanduka rangi. Ila jirani akitokea kwenye video, muombe ruhusa kabla hujapost.