Hiyo Si Gemu Yako, Ni ya Akaunti

Ma-comrade wa Egerton, mkiona tangazo la PS4 "imejazwa gemu", ulizeni kwanza: ni CD ama akaunti? Kama ni akaunti, hujauziwa kitu, umeazimwa. Gemu zinacheza juu hiyo mashine imesajiliwa kama kuu kwa akaunti ya muuzaji. Siku akiingia kwa tovuti ya Sony azime mashine zake zote, na anaruhusiwa kila miezi 6, PS4 yako ikigusa intaneti kila gemu inapigwa kufuli. Hata FIFA, wewe na roommate mkiwa mmeshabetiana soda. Kisha anasajili mashine ingine, anauzia mwingine gemu zile zile. Ati hiyo ni hustle? Ni wizi. CD ya mtumba, hata iwe na mikwaruzo, hakuna mtu atakuzimia akiwa Nairobi. Hana CD? Ashushe bei ama arudi nayo Nakuru.