Msiape Kwamba Hamtapatana

Upo ushujaa wa mdomo usiomgharimu mwenye kuusema. Mtu husimama mbele ya wenzake akaapa kwamba na fulani hatazungumza tena mpaka kiyama, akapigiwa makofi, akaketi. Gharama huja baadaye, na mara nyingi humwangukia asiyekuwapo barazani. Leo nataka kulisema jambo hili kwa habari za kale, za Dola ya Rumi ilipokuwa imezeeka na za Alaric, mkuu wa Wagothi. Nimezichagua kwa sababu hesabu ya kiapo cha namna hii imebaki humo, imeandikwa kwa ratili na kwa tarehe, na kila apendaye anaweza kuijumlisha mwenyewe.

Tusimwanze Alaric kana kwamba alizuka porini na rungu begani. Mwaka 376 Wagothi walifika ukingo wa mto Danube, wanaume, wanawake na watoto, wakiwakimbia Wahun. Waliomba ruhusa ya kuvuka, nao Warumi wakawaruhusu. Maofisa waliowapokea, Lupicinus na Maximus, wakaigeuza njaa yao kuwa biashara: nyama ya mbwa kwa mtoto wa kwenda utumwani. Miaka miwili baadaye, huko Adrianople, Wagothi hao hao walimuua Kaisari Valens pamoja na sehemu kubwa ya jeshi lake katika siku moja. Mwaka 382 Kaisari Theodosius akafanya nao mapatano. Wakapewa mahali pa kukaa ndani ya dola, na wao wakakubali kupigana chini ya bendera yake. Mwaka 394, katika vita vya mto Frigidus, waliwekwa mbele wakafa kwa maelfu. Alaric alikuwapo vitani humo, akiongoza watu wake upande wa Rumi.

Basi huyu waliyemwita mshenzi alikuwa Mkristo, ingawa si wa madhehebu ya wakuu wa Roma, na alikuwa askari wa dola. Alichokitaka tangu Theodosius alipokufa mwaka 395 hakikubadilika sana: cheo katika jeshi, posho, nafaka ya kuwalisha watu wake, na ardhi yenye mipaka inayojulikana. Wakati mwingine alikiomba, wakati mwingine alikidai kwa kuteketeza mashamba ya watu, na Ugiriki ilimjua kwa hilo. Simsafishi. Lakini katika miaka yote hiyo sioni dalili kwamba alikusudia kuiangusha Dola ya Rumi. Alikuwa nje ya nyumba anabisha, anataka aonyeshwe chumba.

Upande wa magharibi Kaisari alikuwa Honorius, aliyerithi kiti akiwa na umri wa miaka kumi. Mwenye nguvu hasa alikuwa Stilicho, amirijeshi wake, ambaye baba yake alikuwa Mvandali. Stilicho alipigana na Alaric mwaka 402, huko Pollentia na Verona, akamtoa Italia. Baadaye aliona afadhali kumtumia kuliko kumfukuza kila mwaka, akampa kazi ya kumngojea huko Epirus kwa safari ya vita ambayo mwishowe haikufanyika. Mwaka 408 Alaric akaleta hesabu ya kungoja kwake: ratili 4,000 za dhahabu.

Baraza la Seneti lilichemka. Stilicho aliwasihi walipe, nao wakakubali kwa shingo upande, isipokuwa seneta mmoja, Lampadius, aliyesema hadharani kwamba hiyo si amani bali ni mkataba wa utumwa. Maneno mazuri, na hadi leo husimuliwa kwa sifa. Kikao kilipokwisha, Lampadius alikimbilia kanisani kujificha.

Sasa pimeni kiasi chenyewe. Mwandishi wa zama zile, Olympiodorus, ameeleza kwamba nyumba nyingi za matajiri wa Roma zilipata ratili 4,000 za dhahabu kwa mwaka kutoka katika mashamba yao, mbali na nafaka na mvinyo. Yaani amani ya dola nzima ilikuwa na bei ya mapato ya nyumba moja ya seneta kwa mwaka mmoja. Hicho ndicho kilichoitwa utumwa.

Dhahabu ile haikuwa na wa kuisimamia, kwa kuwa wabaya wake walimzunguka Stilicho. Tarehe 22 Agosti mwaka ule ule wa 408 alikatwa kichwa huko Ravenna, kwa tuhuma za uhaini. Kisha askari wa Kirumi katika miji ya Italia wakawageukia wake na watoto wa askari wenzao wa asili ya kigeni, wakawachinja. Waume na baba za waliouawa, watu 30,000 kwa hesabu ya mwandishi Zosimus, wakaenda kwa Alaric. Ni nani basi aliyemjazia Alaric jeshi?

Hapa ndipo ninapowaomba msikilize kwa makini, ninyi mnaokaa katika mabaraza, kamati na vikao vya ukoo. Kifo cha Stilicho kilikuwa na madhara makubwa kuliko kumpoteza jemadari. Kiliwafundisha wote waliobaki kwamba mwenye kutaja suluhu huitwa msaliti, na msaliti hufa. Tangu siku hiyo watu wa ikulu walishindana kwa ukali. Kila mmoja aliogopa kuonekana laini kuliko jirani yake, na hekima ikawa jambo la kunong'onezana. Mahali popote mnapomwona msuluhishi akitukanwa mbele ya watu, na watu wakacheka, jueni kwamba mnaowasikia baada yake hawasemi tena wanayoyafikiri.

Alaric alituma ujumbe kwanza. Alitaka fedha kiasi na kubadilishana mateka wa dhamana, akaahidi kuwarudisha watu wake Pannonia. Akakataliwa, wala jeshi la kumzuia halikuandaliwa. Tena huo ulikuwa wakati ambapo Galia na Hispania zilikuwa zimemponyoka Honorius, zikiwa mikononi mwa jemadari aliyejitangaza Kaisari kutoka Uingereza, huku Wavandali na wenzao wakiwa wamevuka mto Rhine wanatembea watakavyo. Kumkataa adui bila ya kujiandaa kupigana naye si msimamo. Ni uvivu uliovishwa joho.

Mwishoni mwa mwaka 408 Alaric aliuzingira mji wa Roma na kuufunga mto Tiber, nafaka isipite kutoka bandarini. Mgawo wa mkate ukapunguzwa kuwa nusu, kisha theluthi. Maiti zikalala njiani. Wajumbe wakatoka kwenda kwake, wakajaribu kumtisha kwamba wananchi wamejizatiti na wako tayari kupigana. Alaric alicheka, akawajibu kwamba majani yakisongamana hukatika kwa urahisi zaidi. Akataka dhahabu yote, fedha yote, vyombo vyote na watumwa wote wa asili ya kigeni. Walipomuuliza atawaachia nini, alisema roho zao.

Kwa majadiliano ilishuka hadi ratili 5,000 za dhahabu, ratili 30,000 za fedha, kanzu 4,000 za hariri, ngozi 3,000 zilizotiwa rangi nyekundu, na ratili 3,000 za pilipili manga. Hiyo pilipili ilitoka Malabar, ikivushwa bahari kwa pepo hizi hizi za msimu zinazojulikana na manahodha wetu. Mgothi wa Danube alijua bei yake. Hazina haikutosha, wakavua mapambo ya sanamu na nyingine wakaziyeyusha, mojawapo ikiwa ile ya Ushujaa. Wapagani wa mjini waliona mkosi katika hilo. Mimi naona tu kwamba ratili 4,000 za dhahabu zilizokuwa fedheha mwanzoni mwa mwaka zilikuwa zimezaa.

Mwaka 409 likapatikana jambo ambalo halipatikani mara mbili: nafasi ya kuzungumza bila ya upanga kutolewa. Walikutana Ariminum, mji unaoitwa leo Rimini, Alaric kwa upande wake, na kwa upande wa Kaisari akaja Jovius, liwali mkuu wa Italia, mtu aliyefahamiana na Alaric tangu Epirus. Alaric alitaka dhahabu na nafaka kila mwaka, na ruhusa ya kukaa Venetia, Noricum na Dalmatia. Jovius akaandika ikulu, akaongeza ushauri wake wa siri: Alaric akipewa cheo cha amirijeshi, huenda akapunguza mengine. Honorius akajibu kwamba dhahabu na nafaka ni juu ya Jovius kupima, ama cheo, hakitapewa Alaric wala mtu yeyote wa ukoo wake. Jovius akaifungua barua na kuisoma kwa sauti, Alaric akisikia.

Kwa nini aliisoma, Mungu ndiye ajuaye. Ila nitasema jambo ambalo wanaomlaumu Honorius hawapendi kulisema: kukataa cheo kulikuwa na maana. Amirijeshi ndiye aliyeshika jeshi, na aliyeshika jeshi alimshika Kaisari, kama Stilicho alivyomshika Honorius tangu utotoni. Mtu anaweza kukataa sharti moja na bado akabaki mwenye akili. Kama mambo yangeishia pale nisingekuwa na makala ya kuandika.

Alaric aliondoka kwa hasira akielekea Roma. Jovius naye akarudi ikulu, huko Ravenna, akiwa na hofu. Alikuwa amependekeza cheo kwa adui, na adui alikuwa mtu wake wa zamani, na damu ya Stilicho ilikuwa haijakauka vizuri. Ili asishukiwe akafanya kile wafanyacho waoga wenye madaraka makubwa: akawa mkali kuliko wakali. Alimfanya Kaisari aape kutofanya amani na Alaric kamwe, kisha yeye mwenyewe akaapa hivyo hivyo kwa kugusa kichwa cha Kaisari, na wakuu wengine wakafuata.

Njiani hasira za Alaric zilimtoka. Aliwatuma maaskofu waende kwa Honorius na masharti mapya. Hataki cheo. Hataki dhahabu. Hataki Venetia wala Dalmatia. Anataka Noricum mbili peke yake, nchi za Danube katika Austria ya leo, zilizokuwa zikishambuliwa kila mara na kuingiza kodi kidogo. Na nafaka, kiasi atakachoona Kaisari. Kwa hayo atakuwa rafiki wa Rumi na kupigana na adui yeyote wa Kaisari. Mmewahi kumwona sokoni muuzaji anayeshusha bei ilhali mnunuzi ndiye amezingirwa? Huyo ndiye Alaric wa mwaka 409, na hata Zosimus, ambaye hakuwapenda Wagothi, aliyastaajabia masharti hayo kwa upole wake.

Wakamkataa, kwa sababu wameapa. Hoja yao imehifadhiwa, nayo yatisha kuliko habari ya mzingiro. Walisema lau wangeapa kwa Mungu, wangeweza kumwachia Mungu jambo hilo na kuitumainia rehema yake; lakini wameapa kwa kichwa cha Kaisari, na kiapo hicho hakivunjiki. Hawakuuliza kama masharti ni mema au mabaya. Mlango ulikuwa umefungwa kwa ndani na ufunguo wake umetupwa, ili mtu mmoja asishukiwe.

Najua nitaambiwa kwamba mnyang'anyi akipewa leo atarudi kesho. Ni kweli, wapo wa namna hiyo, na Alaric alikwisha kurudi zaidi ya mara moja. Hata hivyo mnyang'anyi hurudi na kuongeza. Huyu alirudi na kupunguza, akatuma maaskofu badala ya wapanda farasi. Kuzijua dalili hizo ndiyo kazi ya mpatanishi, na kiapo humpofusha asizione. Kataeni sharti, ndugu zangu, kataeni hata kumi, lakini msijiapishe kukataa ambalo bado hamjalisikia. Na akitokea kati yenu anayetaka kikao kizima kiape, mtazameni vizuri. Huenda anajikinga yeye.

Yaliyofuata nayapitia upesi, maana ni miereka ya watu waliokwisha kukosana. Alaric alimsimika Kaisari wake wa bandia, Attalus, kisha akamvua. Heraclian, mtawala wa Afrika ya Kirumi, aliizuia nafaka, Roma ikaona njaa tena. Katika kiangazi cha 410 Alaric na Honorius walikaribia kukutana si mbali na Ravenna, akatokea Sarus, Mgothi aliyekuwa na uadui na Alaric, akawashambulia watu wake, na mazungumzo yakavunjika. Tarehe 24 Agosti lango la Salaria lilifunguliwa usiku. Siku tatu Wagothi waliupora mji ambao haukuwa umeingiwa na adui wa kigeni kwa karibu miaka 800. Makanisa ya Petro na Paulo yaliachwa yawe kimbilio. Galla Placidia, dada yake Kaisari, akachukuliwa mateka.

Honorius alikuwa Ravenna, nyuma ya vinamasi vyake, hajambo. Mwandishi Procopius anasimulia kwamba alipoletewa habari ya kupotea kwa Roma alishtuka akidhani ni kuku wake aitwaye Roma, akatulia alipoambiwa ni mji. Hadithi hiyo huenda ilitungwa na wenye mzaha, na siwezi kuwalaumu. Mwenye shibe hamjui mwenye njaa, na waliogusa kichwa cha Kaisari wote walikuwa wamekula.

Alaric naye hakufaidi. Dhahabu hailiwi, na watu wake walihitaji nafaka. Akashuka kusini mwa Italia akitaka kuvuka bahari, merikebu zikavunjwa na dhoruba, akafa kabla mwaka kwisha, karibu na Consentia. Wagothi wakaenda Galia chini ya shemeji yake, Ataulf, aliyemwoa Galla Placidia mwaka 414.

Ndipo ikaja hesabu yenyewe. Mwaka 416 serikali ya Honorius iliwapa Wagothi vipimo 600,000 vya ngano, ikarudishiwa Placidia, na Wagothi wakakubali kuipigania Rumi huko Hispania. Mwaka 418 wakapewa makao Aquitania, bonde la mto Garonne mpaka Bahari ya Atlantiki, nchi ya mizabibu, mojawapo ya zile zilizoneemeka kuliko zote katika Galia. Kaisari aliyewapa ni Honorius yule yule, ambaye miaka tisa nyuma alikataa kuwapa Noricum.