MFIWA AREJEAPO KAZINI

Ndugu wanachama na makarani wenzetu, safari hii hatuneni habari za mishahara wala vyeo, bali za jambo limfikialo kila mtu, awe mkubwa au mdogo, nalo ni kufiwa.

Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya Tanzania, ya mwaka 2004, humpa mtumishi aliyefiwa na mzazi, mwenzi, mtoto au ndugu yake siku zisizopungua 4 za mapumziko yenye malipo. Siku hizo zatosha kuzika na kuanua matanga. Kumaliza huzuni hazitoshi. Dini ya Kiislamu humwekea mjane eda ya miezi 4 na siku 10, na wengi wetu huhesabu arobaini. Hesabu hizo zatukumbusha kuwa msiba hauishi siku turudipo makaburini.

Siku ya 5 mfiwa yuko mezani pake. Afungua majalada, anakili barua, apiga mihuri. Wako wasemao, "Amesahau upesi." Maneno hayo si ya haki. Kazi yenye saa zake na taratibu zake ni kama gogo kwa mtu aliyechukuliwa na maji. Mwaka 1999 wataalamu wawili wa Chuo Kikuu cha Utrecht, Uholanzi, Margaret Stroebe na Henk Schut, walieleza kwamba mfiwa huenda na kurudi: mara huukabili msiba wake, mara huuweka kando akashika shughuli za maisha, na yote mawili yamfaa.

Lakini gogo halitoshi ikiwa wenzake wamesimama ukingoni wakitazama. Kwa hiyo twawasihi mambo matatu. Kwanza, mfiwa akilitaja jina la marehemu, asikilizwe. Pili, katika majuma ya kwanza mwenzake amkagulie hesabu kwa upole kabla hazijafika kwa mkubwa, maana macho yenye machozi huruka mstari. Tatu, mchango wa siku ya maziko usiwe mwisho wa kutazamana. Arobaini ikiisha kupita, watu wakatawanyika na nyumba ikawa kimya, ndipo tupige hodi mlangoni pake.

Nawe uliyefiwa, usione haya kucheka ofisini, wala kutoka nje kidogo chozi likikujia. Amka saa yako, unywe chai yako, uje kazini.

Wahenga walisema: Kilio huanza mfiwa, ndipo wa mbali wakaingia. Nasi twaongeza: wa mbali akiisha kuingia, asifanye haraka kutoka.