Diwani ya Majuto Haijaandikwa

Tanga imetupa mafundi wawili wakubwa wa lugha. Wa kwanza ni Shaaban Robert, aliyefariki mwaka 1962, ambaye sisi washairi hatuchoki kumtaja. Wa pili ni Amri Athumani, ambaye nchi nzima ilimwita King Majuto. Alizaliwa Tanga mwaka 1948, akaanza kuigiza angali mtoto, akaendelea jukwaani, kwenye kanda za video, runinga na filamu hadi alipofariki Muhimbili tarehe 8 Agosti 2018. Huyu wa pili hatumtaji tunapojadili lugha, na kwa maoni yangu tunakipunja Kiswahili chenyewe.

Wapo watakaosema kwamba Majuto alikuwa mchekeshaji tu. Naam, alichekesha, lakini alichekesha kwa kumjenga mtu. Mara nyingi alikuwa mzee wa Pwani, mbishi, mjanja, mwenye tamaa, asiyekosa neno la kujibu. Sisi wa Bagamoyo tunamjua mzee huyo. Yupo barazani, yupo samaki wanaponadiwa, yupo kwenye kikao cha mahari akidai ambacho hakumbuki nani alikiahidi. Kumwigiza vyema kunahitaji sikio: kujua lini kukatiza, lini kunyamaza, na lini neno dogo kama "ati" linatosha kumaliza hoja ya mwenzio.

Nimefundisha tamthilia sekondari kwa miaka mingi. Mwigizaji wa *Kinjeketile* ya Ebrahim Hussein, iliyotoka mwaka 1969, hukabidhiwa maneno yaliyokwisha kupimwa na mwandishi. Mwigizaji wa vichekesho vyetu aghalabu hukabidhiwa kisa tu. Maneno huyapata papo hapo, mbele ya mwenzake. Katika ushairi ustadi wa namna hiyo tunauita malumbano, na mwenye nao tunamwita malenga. Iweje ukihamia kwenye runinga tuuite mzaha?

Hoja nzito zaidi ni kwamba Kiswahili hicho si sanifu. Ni kweli, na hapo ndipo penye thamani yake. Kiswahili sanifu kilijengwa juu ya Kiunguja. Tanga ina Kimtang'ata chake, na majirani zake Wadigo na Wabondei wameacha alama katika usemi wa mji. Mtunzi wa shairi akichota neno la lahaja tunamsifu kwa upana wa msamiati. Mwigizaji naye anastahili kupimwa kwa kipimo hicho hicho.

Wakati hautusubiri. Kanda za video zinaliwa na ukungu katika unyevu wa Pwani, na vipande vilivyoko kwenye intaneti vingi havina tarehe wala majina ya walioigiza pamoja naye. Hata BBC, pamoja na uwezo wake wote, ilifuta kanda nyingi za miaka ya 1960 na 1970 ili izitumie tena, na baadaye ikaanza kuzitafuta huku na huko. Sisi tusingoje majuto yawe mjukuu.

Hapa kwetu Bagamoyo ipo TaSUBa, iliyotokana na Chuo cha Sanaa kilichoanzishwa mwaka 1981. Ingefaa iwe nyumba ya kanda hizi. BAKITA nayo, iliyoundwa mwaka 1967 kwa ajili ya lugha hii, ingeweza kusimamia uandishi wa mazungumzo yake neno kwa neno, pamoja na maelezo ya maneno magumu, kama tufanyavyo kwa tenzi za kale.

Nasi wapenzi wa lugha tusikae kusubiri bajeti. Mwenye kanda na aitoe ikanakiliwe. Mwenye sikio na achukue mchezo mmoja, auandike wote, kisha amwendee mzee wa Tanga amwulize maana ya maneno asiyoyajua. Wazee hao bado wapo, lakini wanapungua kila mwaka.