Okidi za Kitulo Zitambuliwe Zingali Hai

Mali bila daftari hupotea bila habari. Methali hii huambiwa wafanyabiashara, lakini yatuhusu pia sisi tunaosoma elimu ya viumbe, hasa tuifikiripo mimea adimu ya nchi yetu.

Katika nyanda za juu za kusini mwa Tanzania uko uwanda wa Kitulo, wenye kimo cha mita 2,600 hivi juu ya usawa wa bahari. Ni nchi ya majani, si ya msitu. Wakati wa masika hufunikwa na maua hata wenyeji wakaupa jina la Bustani ya Mungu. Humo zimeorodheshwa spishi zipatazo 45 za okidi ziotazo ardhini. Mwaka 2005 uwanda huo ulifanywa Hifadhi ya Taifa, iliyoanzishwa hasa kwa ajili ya mimea yake.

Hata hivyo, hatari ya okidi hizi haimo katika ua bali katika kiazi. Viazi vyake huchimbwa, hukaushwa na kuvushwa mpaka hadi Zambia. Huko hutwangwa, huchanganywa na unga wa karanga, magadi na pilipili, kisha hupikwa kuwa chakula kiitwacho chikanda. Zamani kilikuwa chakula cha vijijini. Siku hizi huuzwa pia mijini, na kila mwaka huhitaji viazi kwa mamilioni.

Mimea hii si mihogo, ambayo twaweza kuipanda tena kwa kipande cha shina. Mbegu ya okidi ni ndogo kama vumbi, wala haina akiba ya chakula. Haiwezi kukua isipokutana udongoni na kuvu wa kuilisha. Tena mmea uliokomaa kwa kawaida huwa na viazi viwili: kimoja kikuukuu kinachonyauka, na kingine kipya kigumu, ambacho ndicho uhai wa mwaka ujao. Mchimbaji hukitaka hicho kipya.

Okidi ikiwa na ua, hata mwanafunzi aweza kujifunza kuitambua. Jenasi ya Disa ina sepali ya juu iliyofanya kofia, na kofia hiyo ina kifuko kimoja kama mkia. Satyrium ina mdomo ulioelekea juu, wenye vifuko viwili. Habenaria, ambayo mara nyingi ni nyeupe au ya kijani, ina mdomo ulioelekea chini na kifuko kimoja, aghalabu kirefu. Lakini viazi vikisha kutiwa guniani hufanana. Mkataba wa kimataifa wa mwaka 1973 juu ya biashara ya viumbe vilivyo hatarini wazihusu okidi zote. Lakini mkaguzi wa mpakani hawezi kujua kwa macho kama mkononi mwake mna spishi iliyo tele au ile iliyobaki michache. Jambo hilo lahitaji uchunguzi wa DNA katika maabara, na wakati huo mmea umekwisha kufa.

Kwa hiyo maoni yangu ni haya: kazi ya kuzitambua okidi lazima ifanywe shambani, zingali hai, na wa kuifanya ni shule za sekondari zilizo karibu. Kila shule iwe na daftari. Ndani yake iandikwe tarehe, kimo cha mahali, kama udongo ni mkavu au wa kinamasi, kama majani yaliungua mwaka huo, wadudu walioonekana na idadi ya mashina yenye maua. Ua lichorwe au lipigwe picha. Lisichumwe, wala kiazi kisifukuliwe. Maelezo ya makazi si nyongeza tu, kwa kuwa ardhi ikisha kulimwa, okidi hairudi kwa kurudishiwa mbegu peke yake.

Mambo mawili yaangaliwe. Kwanza, ndani ya hifadhi kazi hii ifanywe kwa idhini ya wasimamizi wake. Pili, mahali hasa ilipo spishi adimu pasitangazwe ubaoni wala magazetini. Habari zipelekwe kwa wataalamu wa mimea, maana daftari lililo wazi kwa kila mtu laweza kuwa ramani ya mchimbaji.

Wako watakaosema kwamba wachimbaji ni maskini, na kwamba ua halishibishi. Hoja hiyo ni ya haki, wala haifai kuwadharau watu wanaotafuta riziki. Lakini mchimbaji ndiye wa kwanza kupata hasara viazi viishapo, naye hulazimika kwenda mbali zaidi kila mwaka. Hatuwezi kumshauri achimbe wapi, kiasi gani, au aache kabisa, ikiwa sisi wenyewe hatujui kilichobaki. Walimu wa Makete na wilaya jirani wanaweza kuanza kazi hii mvua zijazo, kwa daftari, kalamu na futi kamba.