"Inafanya kazi" si jibu

Jamani, kuna sentensi moja nimechoka kuisikia: "Seva inafanya kazi, ya nini kuisumbua?"

Niliambiwa hivyo Meru, kwenye ofisi ya ushirika ambao seva yake iko chini ya kaunta na bado inaendesha Windows Server 2008 R2. Wiki mbili baadaye nikaambiwa vivyo hivyo Embu, kuhusu toleo lile lile. Matunzo ya kawaida ya toleo hilo yaliisha tarehe 14 Januari 2020! Mlango usio na komeo nao hufunguka na kufungwa vizuri tu.

Wengi hudhani matunzo yakiisha seva hubaki ilivyokuwa siku ile. La. Hatari huongezeka hata usipoigusa. Kiraka cha matoleo mapya kikitoka, wadukuzi hulinganisha faili za kabla na za baada, wakajua ufa ulikuwa wapi. Kisha huenda kuutafuta ufa huo huo kwenye matoleo ya zamani. Wahenga walisema usipoziba ufa utajenga ukuta. Hapa fundi wa kuziba ameshaondoka.

Mnakumbuka WannaCry, Mei 2017? Kiraka chake kilikuwa kimetoka Machi, lakini Server 2003 haikukipata kwa sababu matunzo yake yaliisha Julai 2015. Microsoft iliipa kiraka cha dharura moto ukiwa umeshawaka. Huruma kama hiyo usiipangie bajeti.

Najua visingizio. "Programu yetu ya hesabu haikubali toleo jipya." Basi itoeni seva kwenye intaneti, wekeni nakala za akiba nje ya mashine hiyo, na mumbane aliyewauzia programu. "Leseni ni ghali." Kama programu yenu inakubali Linux, Debian ni bure. "Hatuna cha kuibiwa." Mna majina ya wakulima, namba zao za vitambulisho, simu na hisa. Sheria ya Ulinzi wa Data ya 2019 inamtaka anayezihifadhi azilinde.

Wanaoamua wamekaa ofisini. Watakaoumia ni wanachama. Kwa hiyo wewe mwanachama, mkutano mkuu ujao usiulize gawio peke yake. Uliza pia: seva yetu ni toleo gani, na matunzo yake yanaisha lini? Wakikujibu "inafanya kazi", usikae chini.