Uzuri Hauliwi



Mwezi uliopita tulikwenda kumpongeza mzazi mmoja hapa Mfaranyaki, Songea. Tulipofunua kanga kumtazama mtoto, mmoja wetu akasema kwa mzaha, "Mbona huyu mweusi hivi? Kamfuata nani?" Tukacheka sote, nami nikiwemo. Dada wa kichanga yule, msichana wa miaka saba na mweusi vilevile, alikuwa amesimama mlangoni. Yeye hakucheka.

Usiku ule nilimkumbuka Lupita Nyong'o, mwigizaji wa Kenya. Alizaliwa Mexico mwaka 1983, baba yake akiwa uhamishoni kwa sababu za kisiasa, akalelewa Nairobi. Akiwa na miaka 14 aliigiza Juliet katika mchezo wa Shakespeare jijini humo. Baadaye alisoma Marekani, akafanya kazi nyuma ya kamera, na mwaka 2009 akaigiza katika tamthilia ya televisheni ya Shuga. Mwaka huohuo alitoa filamu aliyoiongoza mwenyewe, In My Genes, juu ya maisha ya watu wenye ualbino nchini Kenya. Alihitimu masomo ya uigizaji Chuo Kikuu cha Yale mwaka 2012. Tarehe 2 Machi 2014 akapokea tuzo ya Oscar kwa kuigiza mtumwa Patsey katika 12 Years a Slave.

Siku chache kabla ya tuzo hiyo, alisimama mbele ya wanawake wenzake akaeleza sala yake ya utotoni. Kila usiku alimwomba Mungu aamke akiwa na ngozi nyeupe zaidi. Asubuhi hakutaka kujitazama mwili mpaka afike kwenye kioo, ili auone kwanza uso mpya. Kila siku alikuta uso uleule. Akajaribu kuweka agano na Mungu: hataiba tena sukari usiku, atamtii mama yake, hatapoteza tena sweta la shule.

Mama yake alimwambia mara nyingi kuwa ni mzuri. Lakini binti alijiuliza, mama angesema nini kingine? Moyo ulianza kutulia alipomwona Alek Wek, mwanamitindo mweusi kutoka Sudan Kusini ya leo, akisifiwa na watu baki. Ndipo pia alipoanza kuelewa neno ambalo mama yake alikuwa akilirudia: uzuri hauliwi. Hauwezi kukulisha. Kinachomtegemeza mtu ni utu na huruma aliyo nayo kwa wengine.

Akina mama, hapo ndipo penye fundisho letu. Sifa ya mama peke yake haimtoshi mtoto. Husikiliza pia shangazi, jirani na wanajumuiya wanasema nini. Mzaha wetu wa dakika moja unaweza kubomoa alichojenga mama yake kwa miaka. Kisha binti akikua na kununua mkorogo, tunashangaa ametoa wapi tabia hiyo! Vipodozi vyenye zebaki na haidrokwinoni vimepigwa marufuku nchini mwetu, kwani huharibu ngozi, na zebaki hudhuru figo. Lakini marufuku haiwezi kuziba mdomo wa mtu.

Mwaka 2016 Lupita aliigiza mama maskini wa Kampala katika Queen of Katwe, na mwaka 2019 akaandika kitabu cha watoto, Sulwe, juu ya msichana mweusi anayetamani kubadilika rangi. Sulwe kwa Kijaluo ni nyota. Nyota huonekana kwa sababu usiku ni mweusi.

Basi, tukienda kumtazama mtoto, tumshukuru Mungu aliyemfuma tumboni mwa mama yake, kama inavyotufundisha Zaburi ya 139. Tumsifu binti kwa bidii, ukweli na upole wake, akiwa anasikia.

Mimi nilirudi kwa yule mzazi na kumwomba radhi. Kisha nikamwita binti yake, nikamwambia nilikosea kucheka. Hakunijibu kitu. Lakini nilipoondoka alinisindikiza hadi barabarani, amenibebea kikapu.

Mungu azibariki nyumba zenu. Tuonane mwezi ujao.